Mhudumu wa Behewa la Bertrams

Mimi nimekaa ndani ya treni miaka miwili, na treni yenyewe haikusogea hata unyayo. Ilikuwa nyumba ya matofali mekundu huku Bertrams, Johannesburg, mitaa ya nyuma ya uwanja wa Ellis Park, yenye korido ndefu na vyumba vimepangana upande mmoja. Mwenye nyumba alikuwa Mhindi wa Lenasia ambaye hatukuwahi kumtia machoni. Aliyetutawala ni Ami Mansour, mzee wa Kiunguja, mwembamba, kanzu imepigwa pasi hata siku asiyotoka. Ukimwita msimamizi wa nyumba anakununia wiki nzima. Yeye, alisema, ni mhudumu wa behewa. Korido ndiyo behewa, na sisi wapangaji ni abiria.

Cheka tu. Na mimi nilicheka siku ya kwanza.

Ilivyokuwa ni hivi. Zamani za ujana wake serikali ilimpeleka Urusi, Urusi ile ya Wakomunisti, akasomee reli. Hebu fikiri, mtu wa Unguja, kisiwa ambacho wakati huo kilikuwa hakina reli hata ya kubebea nazi, anapelekwa kwenye theluji kujifunza treni. Akarudi na shahada yake, wakamtupa bara, akafanya kazi ya reli mpaka reli ikadhoofu, wakampunguza, akazunguka huku na huku hadi akaangukia Johannesburg. Nchi aliyosoma imekufa, reli aliyofanyia kazi ina pumu, lakini yeye aliendelea kuwa ndani ya treni, na alitaka watu wa kupanda naye.

Asubuhi anapita kugonga milango. Chai inakuja kwenye bilauri iliyokaa ndani ya kishikio cha chuma chenye nakshi, vitu alivyokuja navyo kutoka huko. Shuka anazikagua mwenyewe. Taa zinazimwa akitaka yeye. Na choo, jamani, choo anakifunga. Kwenye treni zile, uchafu ulikuwa unaangukia relini moja kwa moja, kwa hiyo treni ikikaribia mji mhudumu anafunga choo ili wenye mji wao wasinukiwe. Basi na Ami Mansour kila asubuhi, wakati ambao nyumba nzima ina haja, anapiga kufuli. Nilimwambia, "Ami, choo hiki kina bomba, kinakwenda kwenye mtaro wa jiji." Akanijibu, "Utaratibu ni utaratibu, mwanangu."

Nilikuwa nalala chumba kimoja na Jeannine, msusi wa Bukavu, mwanamke mnene mwenye mdomo usiolala. Chumba cha pili walikaa Damien na Gaël, Wakongomani vilevile, walinzi wa maduka. Cha mwisho alikaa Ishaka, kijana wa Dar es Salaam, na habari ya Ishaka nakuja nayo sasa hivi, kwa sababu ndiyo iliyotuponza.

Kwenye treni za huko, ukipanda tu mhudumu anachukua tiketi yako. Ana pochi kubwa ya ngozi yenye vijifuko, kila kijifuko na namba ya kitanda. Anaitia tiketi yako mle, wewe unalala huna wasiwasi. Kituo chako kikikaribia anakuja kukuamsha, anakupa chai, anakurudishia tiketi, unashuka. Ami Mansour alikuwa akilisimulia hilo kama mtu anayesimulia miujiza ya mitume. Nchi kubwa vile, alisema, giza vile, baridi vile, na hakuna abiria aliyepitishwa kituo chake. Pochi ile alikuwa nayo. Mle ndimo alimotia paspoti zetu na makaratasi ya ukimbizi ya Wakongomani, akafungia ndani ya sanduku la chuma chini ya kitanda chake.

Utauliza, nyie watu wazima mlimpaje? Tulimpa kwa sababu Bertrams tsotsi, yaani kibaka, hakuachii hata soksi. Ishaka yeye alikataa, akasema paspoti yake italala mfukoni mwake. Wakamvamia kwenye robot, zile taa za barabarani, mchana kweupe, wakachukua kila kitu, na wiki haikwisha polisi wakamkamata hana karatasi, wakamrudisha kwao. Baada ya hapo Ami Mansour akatunga sheria: karatasi haitoki kwenye pochi mpaka abiria aonyeshe tiketi ya safari. Sote tulisema sawa. Mimi ndiye niliyemsifu zaidi. Kwetu Tanga ami ni ndugu wa baba yako, na mtu kama huyo humfichi kitu. Nilimwita ami kwa mdomo wangu, akawa ami.

Sasa Ijumaa moja nipo Malvern, kwenye kibanda changu cha cherehani pale Jules Street, nashona nguo za harusi ya Wakongomani, simu ikalia. Ndugu yangu Adamu, kutoka Tanga.

"Dada," akasema, "mama hali tena. Maji tu, na maji yenyewe kwa pamba."

Nikakaa chini.

"Anakuita. Amesema Zabibu aje amuoshe mwenyewe."

Kwa asiyejua, nieleze. Kwetu mtu akifa anaoshwa kabla ya kuvikwa sanda, mwanamke na wanawake wenziwe, na binti akiwapo ndiye wa kwanza kumiminia maji. Mimi ni binti pekee. Mama yangu alikuwa na haya za ajabu. Maisha yake yote hakubadili nguo mbele ya mtu, hata mbele yangu aligeukia ukuta. Alipomuosha bibi yangu mimi nilishika kata ya maji, mtoto mdogo, na alinionyesha kila kitu: maji yawe vuguvugu, mkono uwe laini, mwili usifunuliwe zaidi ya inavyobidi. Akaniambia, "Na wewe utaniosha mimi hivi hivi, usimwachie mtu." Nikamwitikia. Ahadi pekee niliyowahi kumpa mama yangu ndiyo hiyo, na basi la kwenda kwetu lilikuwa linaondoka kesho yake asubuhi. Lenyewe ni siku tatu njiani, pengine lisiniwahishe, lakini likiondoka hilo, lingine ni katikati ya wiki. Na maiti ya Kiislamu haingoji mtu aliyeko Johannesburg.

Nikaacha nguo ya bibi harusi imening'inia kwenye sindano, nikapanda teksi mpaka Bertrams. Ami Mansour alikuwa koridoni anafuta vishikio vya bilauri.

"Ami, nipe paspoti yangu. Mama yangu anakufa."

Akasema, "Innalillahi. Pole sana, mwanangu." Akaweka kitambaa chini. "Tiketi iko wapi?"

"Naenda kuikata sasa hivi."

"Ikate, uniletee. Nitakupa."

Nikaenda Park Station mbio, nikapita katikati ya watu wa Joubert Park sioni wala sisikii. Kwenye dirisha la mabasi yule dada akasema paspoti. Nikamwonyesha picha kwenye simu. Akasema picha haivuki mpaka wa Tunduma, dada, wanataka paspoti yenyewe. Nikarudi. Nikamwambia Ami Mansour: bila paspoti hawakati tiketi. Akatikisa kichwa kwa huruma kabisa, akasema, "Na mimi bila tiketi siwezi kutoa karatasi. Unakumbuka Ishaka."

"Ami, Ishaka aliibiwa. Mimi nakwenda kwa mama yangu."

"Wote wanakwenda mahali, mwanangu."

Kuna mpiga debe mmoja pale stesheni alinionea huruma, akaniandikia tiketi kwa mkono kushika nafasi. Nikampelekea mzee. Akavaa miwani, akaisoma mbele na nyuma, akanirudishia. Haina namba ya paspoti, alisema, hii si tiketi. Nikamwambia basi twende wote, shika paspoti yangu mkononi mwako, usinipe, twende mpaka dirishani ukamkabidhi yule dada. Hapo nilidhani nimemshinda. Akasema mhudumu haachi behewa lake likiwa na abiria ndani, Jumatatu mtu wa mwenye nyumba atakuja kumshikia nafasi, na yeye mwenyewe atanisindikiza. Jumatatu. Anasema Jumatatu kama anayeniahidi peremende.

Nilimtukana. Sitasema nilisema nini, mengine yanamhusu mama yake naye alikuwa marehemu. Kweli mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi, wewe hukubeba utajuaje. Watu wakatoka vyumbani. Yeye hakukasirika, na hilo ndilo lililonichoma. Akavuta kiti, akaniwekea chai, akasema, "Kaa. Unadhani mimi silijui hili? Nalijua kuliko wewe."

Akasimulia. Alikuwa anasoma Harkov, na rafiki yake wa damu, Burhani, wametoka mtaa mmoja Ng'ambo, alikuwa anasomea udaktari Odesa. Burhani akaugua mapafu, akalazwa. Huko mgeni hawezi kutoka mji wake kwenda mji mwingine mpaka apewe ruhusa, na ofisi ya ruhusa inataka barua ya hospitali, na hospitali haitoi barua mpaka uje mwenyewe na ruhusa. Mansour akazunguka ofisi zile mpaka viatu vikapasuka. Mwisho mwanafunzi mwenzake Mrusi akamkatia tiketi, akapanda bila ruhusa. Mhudumu wa behewa alikuwa mama mmoja anaitwa Galina. Akachukua tiketi yake, akaitia kwenye pochi. Akamuuliza ruhusa, Mansour akasema imo kwenye sanduku, yule mama akatabasamu tu. Akamletea chai na sukari ya ziada. Abiria waliokuwa naye wakamkatia mkate na mayai ya kuchemsha, maana huko ukikaa na watu chumba kimoja mnakula pamoja, mnaambiana hata siri za ndoa zenu. Akalala usingizi mzuri.

"Tukikaribia Odesa akaja kuniamsha," alisema Ami Mansour. "Kwa upole, alinigusa bega. Akanipa chai, akanirudishia tiketi. Nyuma yake wamesimama polisi wa reli wawili."

Odesa aliiona kwenye dirisha la chumba cha polisi. Wakamrudisha Harkov kwa treni ya jioni. Burhani akafa. Hakukuwa na Mwislamu wa kumuosha. Walimvika suti na tai wakamlaza kwenye jeneza, wakampigia matarumbeta.

Jeannine alikuwa analia. Na mimi nilikuwa nimelowa machozi, nikamshika mkono yule mzee, nikasema, "Basi Ami, unajua. Nipe."

Akautoa mkono wake taratibu. "Hujanisikiliza," akasema. "Yule mama angeweza kuniacha nimelala. Angeweza kuwaita polisi wanibebe na usingizi wangu. Lakini aliniamsha kabla ya kituo, akanipa chai yangu, akanipa tiketi yangu. Alifuata utaratibu mpaka mwisho. Nchi ile yote imeanguka, mwanangu, imeanguka kwa sababu watu kama yule waliisha."

Nikamwangalia usoni kutafuta kama anatania. Hatanii. Mtu amefanyiwa unyama, kauweka kabatini, kaupiga pasi, na sasa anatuvisha sisi.

Jeannine alinivuta chumbani. "Uyu mzee iko na wazimu," akaniambia. "Tubomole ile sanduku, tukamate makaratasi yetu sisi wote. Anaweza fanya nini? Ataita polisi?" Kwenda polisi wenyewe hatukuwazia. Huku mgeni ukienda kushitaki, swali la kwanza ni karatasi yako wewe, na karatasi iko chini ya kitanda cha unayemshitaki. Tukamwita Gaël, kijana ana mikono kama mihimili. Gaël akajikuna kichwa, akasema, "Mama Zabi, miye ni gardien. Siwezi kuvunja kufuli ya mtu." Jeannine akamwambia ulinzi wake aulinde mpaka kaburini. Damien alikuwa kazini.

Asubuhi ya Jumamosi nilikwenda mwenyewe na nyundo ya kushindilia vifungo. Mlango wake ulikuwa wazi. Sanduku chini ya kitanda, na yeye juu ya kitanda, amekaa wima na kanzu yake, anasoma Yasini. Hakuniambia nitoke. Alisoma tu. Mzee wa umri wa baba yangu anasoma Kurani, nami nimesimama mlangoni na nyundo. Ungefanya nini? Mkono haukunyanyuka. Nikajilaani baadaye kwa ule ustaarabu, najilaani mpaka leo. Wakati narudi chumbani basi lilikuwa limeshatoka Park Station.

Siku ile sikula. Nilimpigia Adamu, akamwekea mama simu sikioni. Nikamwambia naja, mama. Nikasikia anapumua. Nikasema naja, nivumilie kidogo. Ngoja ngoja huumiza matumbo, wanasema, lakini hawasemi tumbo la nani, la anayengoja au la anayengojwa.

Jumapili baada ya adhuhuri Ami Mansour akapitisha chai. Jumapili abiria wote wanakuwapo, na alipenda tunywe pamoja koridoni, viti vimepangwa ukutani. Nilitoka kwa sababu chumbani nilikuwa siwezi kupumua. Ameniwekea sukari ya ziada, nikaona. Simu ikalia mkononi mwangu.

"Dada," Adamu akasema, "tumetoka makaburini sasa hivi."

Sikulia. Nilimuuliza jambo moja tu, na akanijibu, kisha nikakata simu. Nikaweka bilauri chini. Wote walikuwa wananitazama, na yeye amesimama na sinia lake.

"Mhudumu," nikamwita. Sikumwita ami. "Kituo changu kimepita."

Hakuelewa mara moja. Nikaona inavyomwingia, taratibu.

"Ulisema hakuna abiria aliyepitishwa kituo chake. Giza vile, baridi vile. Galina wako, pamoja na unafiki wake, alikuamsha. Wewe umenipitisha nimefumbua macho, nakugongea, nakulilia. Mhudumu gani wewe?"

Akatua sinia. Akaenda chumbani kwake, tukasikia kufuli, tukasikia chuma kinakwaruza sakafu. Akarudi na pochi ya ngozi, akatafuta kijifuko cha kitanda changu, akanipa paspoti kwa mikono miwili, ameinama. Mzee yule ameniinamia mimi.

"Siitaki," nikasema. "Tiketi sina. Utaratibu ni utaratibu."

Mkono wake ukabaki hewani. Jeannine ndiye aliyenyanyuka, akaichukua ile paspoti akanitilia mfukoni mwa dera langu, kisha akaitwaa pochi yenyewe kutoka kwa mzee kama unavyomnyang'anya mtoto kisu. Akatoa karatasi yake, akawapa Damien na Gaël zao. Pochi tupu akaiweka juu ya kiti. Hakuna aliyesema asante.

Ami Mansour alikuwa bado amesimama mbele yangu. Akauliza kwa sauti ndogo, "Nani alimuosha?"

Ndilo jambo lilelile nililomuuliza Adamu. Sasa linatoka kinywani mwake.

"Majirani."

"Waislamu?"

"Waislamu."

"Alhamdulillahi," akasema. "Afadhali. Afadhali sana."

Wallahi ningeweza kumpiga na kiti. Afadhali. Mama yangu mwenye haya zake, mikono ya watu imempitia mwilini, na huyu anamshukuru Mungu kwa niaba yangu, anamlinganisha na Burhani wake wa suti na tai. Pengine alisema kwa moyo safi. Sikujali. Nilitafuta neno la kumuumiza, na lilikuwepo karibu, lilikuwa limekaa pale koridoni siku zote.

"Na wewe je?" nikamuuliza. "Tazama behewa lako. Damien Mkristo. Gaël Mkristo. Mimi na Jeannine wanawake, na mimi si mkeo wala si maharimu wako. Mwanamume Mwislamu humu alikuwa Ishaka, na siku alipokamatwa ulitutungia sheria, hukwenda hata kumtazama kituoni. Ukifa humu, Mansour, nani atakuosha?"

Damien akasema, "Mama, inatosha." Nilijua inatosha. Nilikaa namtazama mzee mpaka anijibu.

Aliangalia mlango mmoja baada ya mwingine, polepole, mpaka mwisho wa korido. Kisha akainama, akachukua bilauri yangu iliyojaa, akamwaga chai, akaifuta, akafuta na kishikio chake. Tukaingia vyumbani kufunga mizigo, maana hapo hakuna aliyetaka kubaki. Nilipotoka na begi langu alikuwa ameketi koridoni peke yake, na ufunguo wa choo umewekwa juu ya sinia, katikati, ili kila mtu auone.